Nakala kwa Mama Yako

Idara ya Maji, Kaunta ya Wateja
4 Februari
Kumb. Na. BIBI/1

Bibi mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta mzima, pamoja na mama, mpiga gitaa wako Kidole na bendi yote. Mimi ni mzima. Jino lililokuwa linanisumbua limeng'olewa. Daktari aliniuliza mara kadhaa kama nina hakika ni lile, mpaka nami nikaanza kulitilia shaka, lakini kwa bahati lilikuwa lenyewe. Chumba changu kimepakwa rangi. Mwenye nyumba anasema ni nyeupe. Mimi naona ni ya maziwa, ila sikutaka kubishana.

Kazini hali ni shwari. Nimehamishiwa kaunta, ambako naandika malalamiko ya wateja: bomba limepasuka, maji yana rangi, mita inazunguka hata wenyewe wakiwa safarini. Naipenda kazi hii. Mtu hufika amefura, na nikishamwandikia lalamiko lake kwa hati nzuri huondoka ametulia, hata kabla bomba lake halijaguswa.

Tafadhali mwambie mama asihangaike tena na yale mapazia. Ule mpango wa mwezi wa nane umesitishwa hadi hapo mtakapoarifiwa vinginevyo.

Huku joto ni kali kidogo.

Wako mtiifu,
Mjukuu wako


Nyumbani
19 Februari

Mume wangu,

Marahaba, marahaba. Huku tu wazima. Magoti ya mama yako yanamsumbua, ila akisikia ngoma anasahau kwamba ana magoti. Kidole kanunua nyuzi mpya za gitaa, anazitunza kuliko anavyomtunza mkewe. Jumamosi tunapiga kwenye ukumbi wa wafanyakazi wa reli, na mimi nimeshona gauni ambalo mama yako anasema halilingani na umri wangu. Nimemwambia umri wangu ndio haulingani na gauni.

Sasa nijibu. Kwanza, hiyo Kumb. Na. ni ya nini? Mimi nimemzaa mama yako, sikuizaa idara. Pili, mpango gani uliositishwa? Ninaoujua mimi una miguu na nywele, na una kicheko cha kukwaruza ambacho mwaka jana ulikiandikia ukurasa mzima. Nimekaa hapa najiandaa kumpokea mke mwenzangu, nimeshaweka akiba ya maneno ya kumchokoza, leo naambiwa amesitishwa kama maji ya bomba? Nani kafunga koki?

Mama yako alisoma barua yako, akaikunja, akaenda kukata vitunguu ambavyo hatukuvihitaji.

Haya, sema. Yeye alikuambia nini, na wewe ukamwambia nini?

Mkeo wa kwanza, asiyekimbia


Kaunta ya Wateja
12 Machi
Kumb. Na. BIBI/2 (niwie radhi, mkono umezoea)

Bibi mpendwa,

Shikamoo. Naomba radhi kwa kuchelewa kujibu. Kulikuwa na ukaguzi wa mita, kisha kulikuwa na mafua. Nafurahi kusikia habari za gauni. Mpe mama pole ya magoti.

Kuhusu swali lako. Mhusika alikuja kwangu Jumapili mchana, akakaa kwenye kile kiti cha dirishani, akaniambia hataolewa na mimi kwa sababu amempata mwingine. Nikamwambia nimepokea taarifa yake. Akanitazama kidogo. Nikamuuliza kama atakunywa chai, akasema hapana. Basi, ni hayo tu.

Huyo mwingine ni nani, naomba tusiliingie. Ni mtu wa ngazi ya juu hapa idarani. Jinsi walivyokutana nayo haina umuhimu.

Nakula vizuri na nalala vizuri. Usiwe na wasiwasi.

Wako mtiifu,
Mjukuu wako


Nyumbani
25 Machi

Mume wangu,

Nimepokea.

Hebu niandike tena, nione mkono unavyojisikia. Nimepokea. Msichana kaja kukuvunja moyo, na wewe ukampokea kama mzigo wa posta! Nilicheka mpaka Kidole akaja kuniuliza kuna nini. Kisha alipoondoka nikalia kidogo, kwa sababu nakujua. Ulipokuwa mdogo ulianguka ukavunjika mkono, ukaja jikoni kuniuliza kama sina shughuli.

Mtu anayelala vizuri haandiki kwamba analala vizuri. Mimi sina dawa, nina wimbo. Nimeshaanza. Huu hapa mwanzo wake:

Nenda, beba na kioo chako, mwongo mkubwa wewe,
utajuta mpaka siku ya kuzikwa kwako.
Mlango nimeufunga, ufunguo nimeutupa chooni,
na mama yako nitamwambia yote!

Ni rasimu tu. Usome, uniambie kama unachoma panapostahili. Mama yako anasema mstari wa chooni ni mchafu, lakini niliona anaufurahia.

Na hilo la jinsi walivyokutana, ambalo halina umuhimu, nimelisikia. Halina umuhimu ndiyo maana umelipa mstari wake peke yake.

Mkeo


Kaunta ya Wateja
8 Aprili
Kumb. Na. BIBI/3

Bibi mpendwa,

Shikamoo. Sisi huku tu wazima. Mhasibu wetu, yule mama mwenye sauti kubwa, ananiambia siku hizi nimekunja uso kama bahasha. Lakini ni mtu wa kusema hivyo kwa kila mtu.

Nimeusoma wimbo kwa makini na nashukuru sana. Naomba kutoa maoni machache, iwapo hutachukizwa.

"Mwongo mkubwa wewe" ni maneno mazito, na mtu anaweza kuyapinga. Ingetosha kusema "maelezo yako hayakuniridhisha". Kuhusu kujuta mpaka kuzikwa, hatuna hakika, na tusingependa kumtakia mtu kifo. Labda "suala hili litaangaliwa upya wakati ukifika". Ufunguo kutupwa chooni, Bibi, hapana. Sisi hapa idarani tunajua vitu hivyo vinakoishia, na ni fundi maskini anayeingiza mkono. Bora "ufunguo utakabidhiwa kwa mhusika". Mwisho, "mama yako nitamwambia yote" inasikika kama kitisho. Kama ni lazima mama ajulishwe, njia ya kawaida ni "nakala kwa mama yako".

Zaidi ya hapo ni wimbo mzuri. Ila nakusihi usiuimbe mbele za watu.

Wako mtiifu,
Mjukuu wako


Nyumbani
2 Mei

Mume wangu wa pekee,

Keti kwanza. Umeketi?

Barua yako ilinikuta ukumbini, tunafanya mazoezi. Nikaisoma kwa sauti nikitaka kukucheka tu, na Kidole akawa anapapasa gitaa nyuma yangu. Nilipomaliza hakuna aliyecheka. Mpiga ngoma akasema, "Mama, rudia hapo kwenye maelezo." Nikarudia. Akaingiza ngoma. Mume wangu, nimeimba tangu kabla mama yako hajaota meno, na sijawahi kupata kiitikio kama hiki:

Maelezo yako hayakuniridhisha,
suala litaangaliwa upya wakati ukifika!
Ufunguo utakabidhiwa kwa mhusika,
nakala kwa mama yako!

Jumamosi tuliuimba. Mara ya kwanza watu walitazamana. Mara ya pili ukumbi mzima ulisimama ukapiga kelele, "Nakala kwa mama yako!" Kuna mwanamke wa makamo alipanda juu ya kiti, mumewe anamvuta gauni, yeye anamnyooshea kidole. Mimi na matusi yangu ya chooni ningepata makofi ya adabu. Wewe na adabu zako umewatoa watu jasho. Hujui kwamba una ukatili, mpenzi wangu. Unauweka kwenye bahasha.

Walikuwepo watu wa redio. Wamerekodi.

Najua ulinisihi. Nimekukosea kwa hilo, na ukija utanipiga faini ya viazi, nitamenya gunia zima. Ila nakwambia jambo moja kuhusu kazi yangu. Wimbo wa kuachwa mimi siumalizi. Ubeti wa mwisho ni wa aliyeachwa, na naacha nafasi yake wazi, Kidole anapiga gitaa peke yake pale mpaka mwenyewe atakaponiletea. Watu wanadhani ni ufundi wa muziki. Ni wewe tunayekusubiri.

Mkeo, mwimbaji


Kaunta ya Wateja
20 Mei
Kumb. Na. BIBI/4

Bibi,

Shikamoo. Natumaini mu wazima.

Unapigwa kwenye redio, Bibi. Unapigwa asubuhi na unapigwa mchana. Mhasibu anauimba akijumlisha. Fundi mita anaupiga kwa bisibisi kwenye kabati la chuma. Jana mteja alisimama mbele yangu, nikamweleza kwa nini bomba lake halijatengenezwa, akaniambia, "Maelezo yako hayakuniridhisha," na foleni nzima ikaitikia. Nilijificha chini ya kaunta, nikajifanya natafuta gundi.

Hakuna anayejua ni mimi. Nilikuwa sijamwambia mtu yeyote kazini kwamba nina mchumba. Niliona ni mambo binafsi.

Sasa kuna jambo jingine, na naomba ulisome ukiwa peke yako. Mkuu wetu wa idara anaoa mwezi wa nane. Ni mtu mwema, ila mwandiko wake ni kama wa kuku aliyekanyaga wino. Hata hundi hurudishwa na benki. Ameita kamati ya harusi, wakanunua kadi za dukani zenye mistari mitupu ya kujaza majina, kisha wote wakanigeukia. Mimi ndiye mwenye hati nzuri. Wamenifanya katibu.

Nadhani umeshaelewa anamuoa nani.

Sikuweza kukataa. Ningekataa ningeulizwa sababu. Kila jioni najaza kadi. Watu wanasema zinapendeza.

Wako mtiifu,
Mjukuu wako


Nyumbani
28 Mei

Mume wangu,

Nimesoma nikiwa peke yangu, kama ulivyoomba. Halafu nimemsomea mama yako. Halafu nimeenda kwa Kidole, nikamwambia apige kitu chochote kwa nguvu.

Kwa hiyo unaandika kadi za harusi ya mchumba wako, kwa hati nzuri, na watu wanazisifu. Je, gauni lake nalo unalipiga pasi?

Siandiki zaidi leo. Nikiandika zaidi nitaandika ya chooni.

Mkeo


KAMATI YA HARUSI
Kwa anwani ya Idara ya Maji
3 Juni

Kiongozi wa Bendi,
Ukumbi wa Wafanyakazi wa Reli.

YAH: OMBI LA KUTUMBUIZA KATIKA HARUSI

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu.

Kamati imeridhishwa na wimbo wenu unaopigwa redioni, na inaiomba bendi yako ije kutumbuiza katika harusi ya Mkuu wa Idara, Jumamosi ya mwisho ya mwezi wa nane. Wanakamati wangependa wimbo huo upigwe wakati wa kukata keki, kwa kuwa unachangamsha.

Tunatanguliza shukrani.

Katibu wa Kamati

(Kwa penseli, nyuma ya karatasi:) Bibi, kataa. Usiseme nimekuomba.


Nyumbani
14 Juni

Ndugu Katibu,

Upande wa mbele wa barua yako umenichekesha, na wa nyuma umenikasirisha, kwa hiyo nimekaa katikati.

Marahaba, ingawa hukunisalimia. Mama yako hajambo, ameanza kushona mapazia tena. Anasema madirisha yapo hata kama harusi haipo.

Sikiliza. Naweza kuja. Nikija nitauimba wakati wa keki, kama wanavyotaka, na nitamtazama bibi harusi machoni nikifika kwenye mhusika. Ningelala vizuri mwaka mzima. Naweza pia kukataa, nikasema Kidole anaumwa kidole. Vyote ni rahisi kwangu. Lakini nikija bila wewe kusema, nitakuwa nimelipiza kisasi changu, siyo chako. Na nikikataa kwa sababu ya penseli, nitakuwa nimekusaidia kujificha chini ya kaunta.

Basi sisemi ndiyo wala hapana. Nasubiri uniambie. Siyo kwa penseli, na siyo kwa "iwapo itakupendeza". Useme unavyotaka wewe.

Tena nataka kujua walivyokutana.

Mkeo, mkaidi


Nyumbani
20 Julai

Mume wangu,

Posta wamenizoea. Karani wa dirishani akiniona anatikisa kichwa kabla sijamfikia.

Mama yako anasema nimekubana sana. Huenda. Kama umekasirika, andika umekasirika. Kama unaumwa, andika. Kama unataka kunirudishia barua zangu zimepigwa muhuri wa "imepokelewa", nirudishie hizo hizo, angalau nitaona umezishika.

Sitaki ubeti. Nataka kujua tu kama unakula.

Bibi yako


Chumbani kwangu
4 Agosti

Bibi,

Shikamoo. Nakula. Hamkuniudhi, wewe wala mama. Nilianza kukuandikia mara nyingi, na kila nilichoandika kilikuwa kinafaa kubandikwa ubaoni. Nikakichana.

Ijumaa kamati ilikutana ofisini kwa mkuu baada ya kazi. Tulikuwa mkuu, mhasibu ambaye ndiye mwenyekiti, fundi mita na mimi. Mhusika pia alikuja, kuchagua kitambaa cha meza. Alikaa kulia kwa mkuu. Mhasibu akamimina chai kutoka kwenye chupa, akanisogezea kikombe changu, kisha akaniuliza, "Katibu, ile bendi imejibu?"

"Imejibu," nikasema.

"Imesemaje?"

"Imesema inasubiri."

"Inasubiri nini tena?"

"Inasubiri mimi niseme."

Fundi mita akacheka. "Bendi ya redioni inamsubiri karani wetu? Basi leo tumekwisha!" Akaanza kupiga meza na kuimba kiitikio, mhasibu akadakia, na walipofika kwenye nakala kwa mama yako, mkuu mwenyewe akaitikia kwa sauti nzito. Kisha akafuta machozi ya kicheko, akasema, "Lakini jamani, huyu aliyeachwa ni mtu wa namna gani? Mchumba anaondoka, yeye anasema suala litaangaliwa upya!"

"Wapo, mkuu," mhasibu akasema. "Ndio wanaotujazia makabati."

Wote walicheka isipokuwa yeye. Yeye alikuwa anatazama kikombe chake.

Bibi, sijui iliingia wapi, ile sauti. Haikuwa kubwa. Nilisema, "Ni mimi."

"Wewe nini?" mkuu akauliza.

"Huyo aliyeachwa. Anayeimba ni bibi yangu. Na aliyeondoka amekaa hapo kulia kwako."

Fundi mita aliacha mkono wake hewani. Mkuu alimgeukia mchumba wake taratibu. "Ni kweli?"

"Ni kweli," akasema. "Unakumbuka siku alipokuletea lalamiko la bomba la kwa mama yangu? Tulisimama wote wawili pale mlangoni. Ukamuuliza huyu ni nani. Akasema ni mteja." Kisha akanitazama mimi. "Nilisubiri urekebishe. Huwa unarekebisha kila kitu."

Hapo ndipo walipokutana, Bibi. Hilo ndilo nililokuwa sitaki kukuandikia. Nilimpeleka mwenyewe hadi mlangoni, nikamwandikia na fomu.

Ningeweza kunyamaza hapo. Zamani ningesema nimepokea. Nikamwambia, "Ni kweli, nilisema mteja. Niliogopa mkuu angeona naleta mambo ya nyumbani ofisini. Lakini wewe ulinijua mimi ni mwoga, na ungeweza kunigombeza siku ile ile, hata pale pale mlangoni. Ulikaa kimya, ukaenda ukapata mwingine, halafu ukaja kuketi kwenye kiti changu na kuniambia kama mtu anayerudisha kitabu maktaba. Niliumia. Nililia ndani ya stoo ya karatasi, mpaka mhasibu akagonga mlango akitaka wino."

"Kumbe ndiyo maana ulinipa mwekundu!" mhasibu akasema, kisha akajiziba mdomo.

Nikachukua boksi la kadi nikaliweka mbele ya mkuu. Nikamwambia majina ya wageni nimeyaandika yote. La bibi harusi sijaliandika hata kwenye kadi moja. Kila nikifika pale mkono unagoma. Nikamwekea kalamu yangu juu ya boksi nikasema, "Hilo, mkuu, naomba uliandike mwenyewe."

Mkuu aliitazama ile kalamu kama anayepewa nyoka. "Kwa mwandiko wangu huu?"

"Kwa mwandiko wako."

Yeye akasema taratibu, "Ungesema hivi mwaka jana."

Nikamwambia, "Mwaka jana nilikuwa sijui kama ninaweza."

Nikaketi. Hakuna aliyenifukuza. Jumatatu mkuu alikuja kaunta, akasimama upande wa wateja, akaniambia alikuwa hajui, na kwamba kama nataka uhamisho atausaini. Mkono wake ulikuwa na wino hadi kwenye kiwiko. Nikamwambia sitaki uhamisho. Kiti changu nakipenda. Akasema, "Sawa," kisha akaniuliza kama herufi ya kwanza ya jina la bibi harusi huwa naikunja juu au chini. Nikamwonyesha.

Sasa jibu lako. Bendi isije. Safari hii siogopi. Sitaki tu wageni waimbe huku wakitafuta niliko. Nikiusikia nataka niwe kwenu, mama akiwa amesahau magoti yake.

Mjukuu wako


Nyumbani
15 Agosti

Mume wangu,

Nimeisoma barua yako nimesimama, mama yako nyuma yangu akisoma juu ya bega langu na kunikanyaga. Alipofika kwenye stoo ya karatasi akaenda kwenye vitunguu. Nilipomsomea kwa sauti pale kwenye wino mwekundu akarudi anacheka, na kisu mkononi.

Nimewaandikia kamati. Nimewaambia maelezo yao yameniridhisha, ila sitaweza kufika. Usitie shaka, nimeandika kwa adabu. Mimi nami naweza.

Sikusifii sana, utaanza kutembea ukumbini kama mpiga tarumbeta. Nasema tu kwamba nilikuwa nimeandaa kisasi cha dakika tano na ngoma juu, na wewe umempa mtu kalamu. Kidole anasema tuache muziki, tukafanye kazi za ofisi.

Kuhusu huyo msichana, nilitaka kumchukia hadi mwisho, na sasa umeniharibia na huyo mteja wako. Namchukia nusu. Nusu nyingine nimekuhamishia wewe, mpaka utakapokuja kumenya viazi. Ndiyo, nimegeuza faini.

Nafasi ya ubeti bado ipo. Watu wameanza kuuliza kwa nini gitaa linaimba peke yake muda mrefu hivyo.

Mkeo


Chumbani kwangu
6 Septemba

Bibi mpendwa,

Shikamoo, na umpe mama shikamoo yake. Mwambie mapazia yamefika na yanapendeza. Yameifanya rangi ya ukuta ionekane nyeupe, kwa hiyo mwenye nyumba ameshinda.

Harusi imepita. Sikwenda. Nilifua, nikasafisha jiko, kisha nikatembea hadi uwanjani kuangalia mpira, timu niliyoishangilia ikafungwa. Jumatatu mhasibu alinivuta pembeni kunisimulia, ingawa sikumuuliza. Anasema wageni walipata taabu. Mkuu aliandika jina la bibi harusi kwenye kadi zote kwa mkono wake, na hakuna aliyeweza kulisoma. Shangazi mmoja wa upande wa bwana harusi alimwita bibi harusi kwa jina la mtu mwingine kabisa katika hotuba nzima, na kadi ameishika mkononi. Yeye, anasema mhasibu, alicheka kile kicheko chake cha kukwaruza mpaka akakaa chini. Niliposikia hivyo nilijipapasa ndani nione kama panauma. Panauma kidogo, kama pale lilipong'olewa jino.

Bendi nyingine iliajiriwa, na wakati wa keki watu waliudai wimbo wako. Wakaupiga, vibaya, bila ruhusa yako. Mama mzazi wa bibi harusi ndiye aliyecheza kuliko wote. Kila ikifika nakala, alikuwa anainua mkono kuipokea.

Nitakuja mwisho wa mwezi. Nimeomba likizo, na kwenye sehemu ya sababu nimeandika "kumsikiliza bibi yangu akiimba". Mkuu ameisaini. Saini haisomeki.

Ubeti wako ni huu. Sijaurekebisha:

Waliuliza ni nani, nikasema ni mimi.
Nikangoja dari lianguke, halikuanguka.
Nikarudi kwenye kiti changu, nikashika kikombe changu,
na chai ilikuwa bado ya moto.

Mume wako